Jinsi ya Kuhifadhi Kumbukumbu Kinywani bila Kuzimeza

Fani ya Ghala la Kinywa haina chuo, haina joho, haina cheti cha kutundika sebuleni. Ina kinywa, sikio na mtu wa pili. Mwongozo huu ni wa mwanagenzi, yaani mtu yeyote ambaye simu yake imejaa picha hadi inakataa kupokea nyingine, lakini ukimuuliza jina la mama wa bibi yake anatazama dari. Ukiufuata utaweza kuhifadhi orodha ya dukani, namba za simu, ukoo wako vizazi kadhaa nyuma, na hata kisa cha mpaka wa shamba ambacho wenye shamba wenyewe wameshakisahau nusu. Hutahitaji chaji wala bando. Weka tu kikombe cha maji karibu, maana koo litakauka.

Mtu wa kuitika

Tafuta mwitikiaji kabla hujatafuta cha kuhifadhi. Wanagenzi wengi hulikwepa sharti hili kwa aibu. Hujifungia chumbani, hujirekodi kwenye simu, halafu huiacha sauti ile ilale pamoja na nyingine mia ambazo hakuna atakayezisikiliza tena. Sauti iliyorekodiwa inakaa kwenye simu. Simu ikichomolewa mfukoni kwenye msongamano, imekwenda nayo. Sauti iliyoitikiwa inakaa kwa watu wawili, na mmoja akiteleza mwenzake anamdaka.

Wazee wetu hawakuliacha jambo hili kwenye hiari ya mtu. Msimulizi wa hadithi hakai tu akaanza. Husema "Paukwa!" na kungoja. Wasikilizaji wasipojibu "Pakawa!" hadithi hailetwi usiku ule, hata kama anaijua yote mwanzo mpaka mwisho. Kwenye vitendawili ndiyo kabisa. Mmoja anaita "Kitendawili!", wengine wanajibu "Tega!", na atakayeshindwa kutegua anadaiwa mji. Mji mzima! Anatoa Tanga; mwenye kitendawili anaitazama Tanga, anaikataa, anadai Mombasa, anapewa Mombasa, anakwenda kutamba humo kwa muda autakao, ndipo anatoa jibu. Fani yetu imeirithi kodi hii bila kuipunguza. Anayesahau kilichowekwa ghalani anatoa mji, na mji alioutoa jana hautoi tena leo. Mtoto aliyekwisha kupoteza Dodoma, Bagamoyo na Unguja yote katika jioni moja huanza kusikiliza kwa masikio mawili.

Sasa, nani awe mwitikiaji? Usichague mtu mpole. Mtu mpole atakuacha uuite mwaka wa mafuriko mwaka wa ukame, kwa kuogopa kukuvunjia heshima. Chagua shangazi. Shangazi atakukata kauli katikati: "Jumanne wapi? Ilikuwa Ijumaa, watu walikuwa wanatoka msikitini." Umerudishiwa siku yako, na juu yake umepewa watu waliokuwa njiani, kanzu zao, na yule mmoja aliyesimama kuuliza kuna nini. Mvumilie. Kila anapokukatiza anaongeza tofali, na bila yeye ungekuwa unatunza chumba kitupu chenye kufuli zuri.

Ushahidi mkubwa wa sharti hili uko Mombasa. Muyaka bin Haji alitunga mashairi yake mwanzoni mwa karne ya 19, ya vita, ya mapenzi, ya shida za mji na ya wakubwa wake, akafariki karibu na mwaka 1840. Hakuacha kitabu kilichopigwa chapa. Miongo kadhaa baadaye William Taylor, mmisionari Mwingereza aliyeishi Mombasa, alishirikiana na Mwalimu Sikujua bin Abdallah kuyakusanya, na mengi yakapatikana kwa watu wa mji waliokuwa wakiyajua kwa moyo. Diwani ilitoka mwaka 1940 chini ya uhariri wa William Hichens, yapata miaka 100 baada ya mtunzi kuzikwa. Tafakari watu wangapi walihusika hapo katikati: waliokuwa wakiyasema barazani, waliosahihisha, waliobisha kwamba neno lile siyo lile. Na mashairi ya Muyaka yapo yaliyotungwa kwa kujibizana, na hapo ndipo ninapouona ufundi wenyewe. Anayelikumbuka jibu halimkai mpaka alikumbuke na swali. Kwa hiyo viwili vinasafiri pamoja, na kimoja kikipotea kingine kinapiga kelele kukitafuta.

Vipimo vya ghala

Kitu kisicho na kipimo hakihifadhiki. Tuna bahati kwamba vipimo vilikwisha kutengenezwa, tena kwa umakini ambao mwanagenzi hatauona mpaka avitumie kwa jambo dogo la nyumbani.

Chukua utenzi. Ubeti una mishororo 4, na kila mshororo kwa kawaida una mizani 8. Mishororo 3 ya mwanzo inashirikiana kina. Wa nne unabeba kina cha peke yake, nacho kinarudi mwishoni mwa kila ubeti mpaka utenzi uishe, tunakiita bahari. Mwaka 1858 Mwana Kupona binti Msham, akiwa mgonjwa, alichagua chombo hikihiki kumwachia binti yake wasia, na mpaka leo kina mama wa Lamu na Mombasa wanaujua wasia ule. Kama kipimo kilimtosha mama aliyekuwa akiaga, kitatosha kwa sukari.

Tufanye sukari basi. Unamtuma mtoto wa miaka 7 dukani. Usimwandikie karatasi, itaanguka mtaroni. Usimpe simu, ataicheza njiani. Mwimbie hivi, naye aitikie mshororo kwa mshororo:

Kwanza chukua sukari
kilo moja bila shari
nazi mbili na achari
kibiriti kiwe mwisho

Hesabu kwa vidole: 8, 8, 8, 8. Mtoto anaondoka akiimba. Njiani anakutana na mbwa wa jirani, anakimbia, na kitu kimoja kinaanguka kichwani mwake. Hapo kipimo kinafanya kazi. Anajua kilichopotea kilikuwa na silabi 3, kilikuja baada ya "nazi mbili na", na kinaishia kwa "ri". Pilipili haiingii. Vitunguu haviingii. Chumvi haiingii hata kwa kusukumwa. Muuza duka mwenye moyo mwema anaanza kumsaidia, anapitisha jicho kwenye rafu zake akitafuta kitu cha silabi 3 kinachoishia kwa "ri", na wote wawili wanafurahi kwa pamoja: bizari!

Bizari inaingia sawasawa. Mizani imetimia, kina kimetimia, mtoto anarudi nyumbani akiwa na uhakika kuliko alivyoondoka, na wali unaliwa bila achari.

Nataka mwanagenzi alitazame tatizo hili kwa heshima, kwa sababu ndilo tatizo halisi la fani nzima. Vina na mizani hulinda dhidi ya makosa karibu yote, isipokuwa yale yanayofanana sana na ukweli. Na hao ndio wezi wa kuogopa. Jina la babu linalochukuliwa na jina la babu mwingine huchukuliwa kwa sababu majina yanalingana. Mwaka unaopotea huibiwa na mwaka wa jirani yake.

Dawa tunaipata mbali kidogo na pwani, kwenye Mto Kongo karibu na Kisangani, kwa Walokele. Ngoma yao ya kusemea ina toni mbili tu, ya juu na ya chini, na inafuata toni za maneno ya lugha yao. Tabu ni kwamba maneno mengi yana toni zilezile. Neno la mwezi na neno la kuku yote mawili ni juu, juu. Mpigaji akipiga juu, juu, anayesikiliza kijiji cha pili atoke nje atazame angani au afukuze kuku? Kwa hiyo wapigaji hawapigi neno likiwa peke yake. Wanalipa mkia. Mwezi unakuwa mwezi unaoitazama ardhi, kuku anakuwa kuku yule mdogo anayelia kiokio. John Carrington, mmisionari Mwingereza aliyeishi miaka mingi kule na kujifunza kuipiga ngoma ile mwenyewe, aliyaeleza haya katika kitabu chake cha mwaka 1949. Watu wa haraka wangesema wapigaji wanapoteza muda kwa maneno mengi. Muda haukupotea. Yale maneno ya ziada ndiyo yanayobeba uhakika.

Basi achari nayo ipewe mkia. Ongeza ubeti:

Achari ni ya maembe
si ya ndimu usiombe
ukikosa usigombe
rudi mbio bila jasho

Bizari ya maembe haipo katika duka lolote la Uswahilini. Hata mtoto akipoteza neno lenyewe, embe litamrudisha. Ndiyo kanuni: kila kitu cha thamani kiwekwe ghalani na mkia wake. Usiseme babu yako alihamia Morogoro. Sema alihamia Morogoro, yule aliyechukia dagaa. Wenzake wote wenye jina lake watapita mlangoni na kurudishwa, kwa sababu walikula dagaa.

Kuna swali wanagenzi hupenda kuuliza: kwa nini 8? Mwaka 1975 Alan Baddeley na wenzake, wanasaikolojia wa Uingereza, walionyesha kwamba maneno ambayo mtu anaweza kuyashikilia papo hapo ni yale anayoweza kuyatamka kwa muda wa takriban sekunde 2. Maneno yakiwa marefu, anashika machache. Mshororo wa mizani 8 ukitamkwa kwa mwendo wa kawaida unaingia humo vizuri. Watunzi wa pwani walikwisha kufika hapo kwa kusikiliza tu.

Kudurusu

Hermann Ebbinghaus, Mjerumani, alichapisha kitabu mwaka 1885 baada ya kujipima mwenyewe. Alikariri orodha za silabi zisizo na maana, akaangalia zinavyomtoka. Aligundua kwamba sehemu kubwa hupotea katika saa za mwanzo, kisha kinachosalia hupungua polepole. Ninamhurumia kwa dhati. Alichagua vitu visivyo na maana na akavikariri peke yake, bila mtu wa kumwitikia, na bado alitupa jambo la kweli kabisa: ukiweka kitu ghalani usiondoke. Rudi haraka.

Kwa hiyo kilichowekwa jioni kiimbwe tena kabla ya kulala, kisha asubuhi wakati wa kuosha vyombo, kisha baada ya siku kadhaa, kisha Ijumaa au Jumapili watu wakikutana. Vyombo nimevitaja makusudi. Mikono ikiwa ndani ya povu haiwezi kushika simu.

Ukitaka kuona kudurusu kunakofanywa na watu wanaojua, simama alasiri dirishani mwa chuo chochote cha Kurani, Lamu, Tanga au Ujiji. Watoto wamejaa mkekani, kila mmoja na somo lake, wote wanasoma kwa sauti kwa wakati mmoja, wanayumba mbele na nyuma. Mpita njia anasikia kelele. Maalim ameegemea ukuta, kanzu imekusanywa magotini, anatunga upya tasbihi iliyokatika uzi, punje moja baada ya nyingine, wala hainui macho. Ghafla anaita jina la mtoto wa nyuma kabisa na kulitamka neno moja, taratibu. Yule mtoto alikuwa amefupisha pale panapovutwa. Anarudia, anavuta, sauti yake inazama tena kati ya sauti za wenzake, na maalim anaitafuta punje iliyokuwa vidoleni. Hivyo ndivyo sura zimeingia vifuani mwa watoto wengi kiasi kwamba ukikusanya misahafu yote ya mji ukaificha, jioni ileile mji utaisoma upya. Hakuna maktaba ninayoihusudu kuliko ile.

Mwanagenzi ajifunze hapo mambo mawili. La kwanza, soma kwa sauti hata kama unaona haya. Jicho likisoma kimyakimya linaruka. La pili, kosa lisahihishwe likiwa bado la moto. Kosa lililolala usiku mmoja ghalani huamka likidai ni la mle ndani.

Mkono usikae bure

Kinywa kinafanya kazi vizuri zaidi mkono nao ukipewa kazi. Waluba wa kusini mashariki mwa Kongo walikuwa na lukasa, ubao wa mti unaoshikika kwa mkono mmoja, umepigiliwa shanga na kuchongwa alama. Mjuzi wa chama cha Mbudye aliushika, akapitisha kidole juu ya shanga, na kidole kikitembea kinywa kilisema: wafalme, safari zao, mahali patakatifu. Shanga peke yake haisomeki kwa mgeni. Inamwita aliyefundishwa, naye anaitika kwa maneno.

Mjini kwetu lukasa tunayo, iko mkononi mwa konda. Panda daladala ya Mwenge umtazame. Noti zimekunjwa kwa urefu na kupachikwa kati ya vidole, kila pengo na aina yake ya noti. Sarafu zinalia kiganjani. Hana daftari. Anajua aliyevaa kofia ameshalipa, mwanafunzi bado, mama wa kiti cha nyuma anadai chenji. Na chenji zile hakuziweka kwa majina ya watu, kwa sababu hawajui. Ameziweka kwa vituo. "Wa Makumbusho, chukua mia nne yako!" Njia nzima ni wimbo wake, Morocco, Victoria, Makumbusho, Sayansi, Mwenge, na kila deni limening'inizwa kwenye kituo chake. Kituo kikifika, deni linajitaja lenyewe. Ukiwa na mambo mengi ya kukumbuka na huna utenzi wa kuyatia, yatundike kwenye njia unayoipita kila siku na uyaite kwa sauti unapopita. Watu watakuangalia. Makonda wanaangaliwa kutwa na njaa haijawapata kwa hilo.

Majina

Ghala la zamani kuliko yote hufunguliwa kila mtu anapoitwa kula. Masika alizaliwa mvua zikinyesha. Shida na Mashaka walizaliwa wakati ambao mama zao hawakutaka usahaulike. Chausiku alikuja usiku. Kule Kisumu, Akoth na Okoth walikuja na mvua. Mama akisimama mlangoni akaita "Masika!" kwa miaka 20, amedurusu mvua ile mara nyingi kuliko mwanafunzi yeyote alivyodurusu somo lake, naye Masika ameitika kila mara.

Ninachowaomba wazazi vijana ni kimoja. Mpeni mtoto jina mlipendalo, hata kama limetoka kwenye tamthilia, lakini chini yake muweke na jina la pili la nyumbani lenye tukio ndani. Aliyezaliwa siku umeme ulipokatika, aliyezaliwa ndani ya bajaji foleni ikiwa imekaza, wote wana haki ya kuitwa hivyo angalau na bibi.

Namba ya mama

Hapa naomba mwanagenzi asisome haraka. Mambo mengine ya mwongozo huu yanaweza kusubiri. Hili lianze leo.

Mtoto anapotea Kariakoo kwa muda wa kugeuka kuangalia bei ya viatu. Watu wazima wema wanamzunguka, wanamuuliza mama yake anaitwa nani, anajibu "Mama." Wanamuuliza anakaa wapi, anajibu "Nyumbani." Msikiti wa karibu unatangaza kwenye kipaza sauti kuna mtoto wa kiume, amevaa fulana nyekundu, na mama yake yuko upande wa pili wa soko anapiga kelele asisikie chochote.

Namba ya simu ina tarakimu 10. Zipange nne, tatu, tatu, na uzipe tuni, yoyote, hata ile ya tangazo la sabuni. Kila mtoto anaponawa mikono kabla ya kula, wewe imba nne za mwanzo, yeye aitikie tatu, wewe malizia tatu. Wiki ya pili mbadilishane. Wiki ya tatu aimbe zote na wewe uitikie kwa neno moja: "Mama!" Usimfundishe kwa kumuuliza namba kavu kavu kama askari wa barabarani. Akiwa analia kwa kwikwi, tarakimu kavu zitamtoroka. Tuni inaweza kumshika mkono ikamvusha. Mfundishe pia kwamba wimbo huu hamwimbii kila mtu, ni wa siku ya kupotea tu, naye amwimbie mama mwenye duka au askari.

Tena usiishie kwa mtoto. Watu wazima wengi leo hawajui namba ya mtu yeyote zaidi ya yao. Siku simu imezima, umekaa kituo cha afya au kituo cha mabasi Moshi usiku, unaazimwa simu na mtu mwema, halafu unaishika tu. Chagua watu wawili, watatu hivi, uimbe namba zao bafuni mpaka jirani azijue.

Machungu nayo yawekwe

Wapo watakaokushauri uweke mazuri tu: harusi, mavuno, maneno ya busara ya babu. Siwaungi mkono. Siti binti Saad, aliyezaliwa Fumba karibu na mwaka 1880 na kuanza maisha kwa kuuza vyungu, hakujua kusoma wala kuandika. Alikwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi nyimbo zake kwenye santuri, na Shaaban Robert baadaye akaandika wasifu wake. Katika nyimbo zake umo ule uitwao Kijiti, unaosimulia mwanamke mgeni aliyeuawa Unguja. Mafaili ya mahakama ya wakati ule yamelala yalikolala. Wimbo uliendelea kuimbwa harusini na majumbani, na kila ulipoimbwa yule mwanamke aliombolezwa tena na watu ambao hawakuwahi kumwona.

Kwa hiyo aliyedhulumiwa kwenye ukoo wenu awekwe. Shamba lililochukuliwa kwa hila liwekwe, na minazi yake ihesabiwe ndani ya mshororo. Lakini ubeti wa machungu usitungwe na mtu mmoja mwenye hasira usiku. Utungwe na watu wa pande mbili wakiwepo, kila mmoja aseme lake, na mwitikiaji awe yule yule shangazi. Hasira ikiwekwa peke yake huzaa, na kizazi cha tatu hukuta ugomvi mkubwa kuliko shamba lenyewe.

Kurithisha

Itafika siku ghala litakuwa limejaa na utataka kumpa kijana. Kijana atakuja na masharti yake. Utenzi wa ukoo uliouchukua kwa baba yako, ulioimbwa taratibu kwa tuni ya maulidi, ataukubali kwa sharti moja: autie singeli.

Mkubalie. Najua wazee watakaoshika vichwa. Singeli ya Manzese na Tandale inakwenda mbio kiasi kwamba mtu mzima akisikiliza anahisi amechelewa kazini. Lakini mapigo yapo, mizani ipo, kina kinasikika, na vijana mia wanaitika kwa pamoja bila kuombwa. Kitakachokufa ni tuni yako, na hata hiyo ilikuwa ngeni kwa babu yako.

Mtihani wa kufuzu ufanyike hivi. Kijana apande jukwaani siku ya sherehe ya familia, spika zikiwa zimewashwa, na aupitishe ukoo wote kwa mwendo wake. Babu akalishwe mbele kwenye kiti chenye mgongo, karibu na mwenye kuchanganya muziki. Vijana wataruka, wajomba watarekodi, bibi ataziba masikio kwa ncha za kanga. Usiwatazame hao, mtazame babu. Akitabasamu tu mpaka mwisho, kijana arudie mwaka mwingine, maana huenda hakusikika hata neno. Babu akiinua mkono muziki ukazimwa, akasema umemruka mke wa pili wa babu yangu, yule aliyekuja na mbuzi wawili kutoka Handeni, basi kijana amefuzu. Mpeni babu kipaza sauti amtaje mwenyewe, mpatieni mama yule mshororo wake na mbuzi wake wote wawili, kisha anzeni upya tangu ubeti wa kwanza.